Treni yenye nembo katikati: nilipie au nichukue tu?

Swali la msomaji: "Shikamoo. Mimi ni msichana wa Mtwara, natengeneza makala ya dakika 52 kuhusu ile reli ya zamani ya Nachingwea. Babu yangu mzaa mama alifanya kazi kwenye genge la reli na bado yupo. Kwenye YouTube nimepata kipande cha sekunde 40, picha nyeusi na nyeupe: treni, matingatinga, watu wanashusha mizigo. Katikati imepita nembo ya kampuni ya Uingereza. Rafiki yangu anasema kimezidi miaka 70, kwa hiyo ni bure. Mhariri wangu anasema nikitumia chini ya sekunde 10 hakuna wa kunishtaki. Niliwaandikia wenyewe, wakanirudishia maswali: itaonyeshwa kwa njia gani, nchi zipi, muda gani, sekunde ngapi. Sikujua nijibu nini. Bajeti ya makala nzima ni shilingi milioni 6, na nyingi ni za korosho za baba. Nifanyeje?"

Marahaba, binti yangu. Nianze na mhariri wako maana yeye jibu lake ni fupi: hakuna sheria ya sekunde 10. Wala ya 7, wala ya 30. Nimekaa miaka mingi kwenye kazi hii ya kusaka picha za maktaba, na hizo sekunde nimezisikia Dar, nimezisikia Nairobi, nimezisikia hata kwa watu wa televisheni waliopaswa kujua, lakini hajatokea aliyenionyesha zimeandikwa wapi. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inaruhusu kunukuu kazi ya mtu kwa kiasi kinachostahili na kwa kutaja ilikotoka. Kama makala yako ingekuwa inachambua namna Waingereza walivyoutangaza mpango wa karanga, ule mradi wao wa mashamba makubwa ya karanga Tanganyika uliojenga reli yako hiyo, kwenye majumba yao ya sinema, ukasimamisha picha na kusema "tazameni hapa wanavyodanganya", ungekuwa na hoja ya kunukuu. Wewe unataka treni ipite huku msimulizi anaongea. Hapo unaitumia picha kwa kazi ileile iliyopigiwa.

Rafiki yako wa miaka 70 naye kapatia nusu. Hakimiliki kweli huisha, ila kila nchi ina hesabu yake. Kwetu kazi ya picha na sauti hulindwa miaka 50 tangu itengenezwe au itolewe kwa watu. Uingereza kanuni ya jumla ni miaka 70, na haihesabiwi tangu siku picha ilipopigwa. Huhesabiwa tangu afe wa mwisho kati ya watu wanne: mwongozaji, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo, na mtunzi wa muziki uliotungwa kwa ajili ya filamu ile. Filamu za kabla ya Juni 1957 zina hesabu nyingine tena, ambayo hata mawakili wao huifanya kwa kalamu ya risasi ili waweze kufuta. Na sheria inayoangaliwa ni ya nchi ambako kazi inaonyeshwa. Ukiwaonyesha watu ukumbini Mtwara una jibu moja. Ukipandisha YouTube, umeionyesha Uingereza pia.

Kuna jambo jingine ambalo watu wengi wanalichanganya na hakimiliki, nalo ni la kabati. Chukulia utenzi wa kale: hauna mwenyewe kisheria, lakini nakala pekee iko kwenye kabati la mtu fulani Kilwa. Hakuna sheria inayomlazimisha akufungulie. Akikufungulia anaweza kukuwekea masharti, na ukitia saini masharti yale yanakufunga hata kama utenzi wenyewe ni wa watu wote. Maktaba za filamu ndivyo zinavyoishi. Mkebe wa filamu uko kwao, mashine ya kuiskani iko kwao, na chumba chenye ubaridi ni chao. Unacholipia mara nyingi ni vitu viwili kwa pamoja: ruhusa, na kufikiwa nakala safi. Hiyo ya YouTube waliiweka ili uitamani. British Pathé, maktaba ya filamu za habari ya Uingereza, walipandisha huko filamu zao takriban 85,000 mwaka 2014, na wengine wakafuata. Walikuwa wamepanga bidhaa dirishani tu. Ukiipakua utapata picha hafifu yenye nembo, na kituo chochote cha maana cha televisheni kitaikataa hata kabla mwanasheria hajaiona.

Sasa tuache sheria kidogo, kwa sababu swali ambalo hukuniuliza ndilo kubwa zaidi. Una hakika treni hiyo ni ya kwetu?

Mpango wa karanga, 1947 hadi 1951, ulikuwa na sehemu tatu: Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kongwa ilianza, na Kongwa ndiyo iliyopigwa picha zaidi, kwa sababu waandishi wa habari walifika kirahisi kwa Reli ya Kati. Na Kongwa nayo ilikuwa na reli yake ya karanga, tawi lililochepuka Msagali. Kwa hiyo katika mikebe ya London kuna treni mbili za karanga, na karani aliyeandika lebo mwaka 1949 hakuwa na sababu ya kujali ipi ni ipi. Aliandika "Tanganyika, karanga", akaenda kunywa chai. Lebo hiyo ikanakiliwa kwenye kadi, kadi ikaingizwa kwenye kompyuta, kompyuta ikaipeleka YouTube, na leo wewe unaisoma kama msahafu.

Nakuambia haya kwa sababu yalinikuta. Zamani nililipia dakika nzima ya picha zilizoandikwa Lindi: shamba la mkonge, gati, mashua. Nikaziweka kwenye makala, tukaja kuionyesha Lindi mjini, ukumbi umejaa. Taa hazijawashwa akasimama mzee mmoja nyuma akauliza, "Kijana, hiyo bahari mbona iko upande usio wake?" Ukumbi mzima ulicheka. Ilikuwa Tanga. Kampuni haikunirudishia hata senti, kwa sababu mkataba wao, kama mikataba mingi ya namna hiyo, ulisema wazi kwamba hawatoi dhamana ya usahihi wa maelezo ya picha. Wanadhamini kwamba wana haki ya kukuuzia, basi. Mahali ni juu yako.

Kipande chako nimekitazama mara nne, mara ya mwisho nikiwa nimezima sauti. Nakushauri ufanye hivyo na wewe, maana sauti ya yule msimulizi wa Kiingereza inakuamrisha uone anachokitaka yeye. Mimi naona vipande vitatu vilivyoungwa, si kimoja. Sekunde ya kwanza hadi ya 14 ni treni katika pori kavu. Kisha hadi ya 22 kuna matingatinga yanang'oa miti. Kuanzia ya 23 kuna watu wanashusha mizigo kando ya maji. Wahariri wa habari za sinema, yaani zile habari fupi zilizoonyeshwa kwenye majumba ya sinema, waliunga hivyo kila wiki. Filamu ikitoka Afrika wanakatakata, wanachanganya na ya mwezi uliopita, wanabandika muziki.

Pori la mwanzo halinishawishi. Linanikumbusha Kongwa, wazi na la miiba, wakati njia ya Nachingwea ilipita zaidi kwenye miombo. Usihukumu kwa mibuyu. Mibuyu ipo Dodoma na ipo Mikindani. Tafuta majabali. Ukiona nyuma ya treni yale mawe makubwa yaliyosimama peke yake kama ya Masasi, hapo una neno la kusema. Tazama pia maandishi ubavuni mwa mabehewa. Reli za Tanganyika ziliunganishwa na za Kenya na Uganda mwaka 1948 kuwa shirika moja la Afrika Mashariki, na herufi zikabadilika, ingawa behewa lisilopakwa rangi upya liliendelea kutembea na jina la zamani. Herufi mpya zinakuambia picha si ya kabla ya hapo. Herufi za zamani hazithibitishi chochote.

Kwenye sekunde ya 23 ndipo nilipoketi vizuri. Nyuma ya wale vijana wenye magunia kuna mikoko, na maji yametulia kama ya hori. Kongwa hakuna mikoko. Bandari ya Mtwara ilipokuwa bado inajengwa, vifaa vya mpango ule vilishushiwa Mkwaya, kwenye hori ya Lindi, na reli ikaanzia hapo kwenda Nachingwea. Sisemi ni Mkwaya. Nasema hizo sekunde 17 za mwisho zina nafasi kubwa ya kuwa zako kuliko zile 22 za mwanzo, na pia ndizo zitakazokuokolea hela.

Waandikie tena wale watu, lakini usianze na bei. Omba orodha ya picha moja moja na karatasi ya mpiga picha, ile iliyosafiri ndani ya mkebe pamoja na filamu. Wapiga picha wa habari waliijaza palepale: tarehe, mahali, nani yumo, nini kilitokea. Wakati mwingine imepotea, wakati mwingine ina mistari miwili tu, lakini ikiwepo ina thamani kuliko lebo zote. Uliza vilevile kama wana mabaki, yaani filamu iliyopigwa ikabaki nje ya habari iliyotoka. Mabaki hayana muziki wala msimulizi, na mara nyingi treni yote ya kweli iko humo.

Njoo kwenye maswali waliyokurudishia. Yanatisha kwa sababu yamekaa kama mtihani, kumbe ni kama fundi cherehani anayekupima kabla ya kukutajia bei ya nguo.

Njia ya kuonyesha ni ukumbi, televisheni, matamasha, mtandaoni, shuleni, ndani ya basi. Kila moja huongeza bei. Nchi ni nchi zitakazoona. Muda ni mwaka mmoja, mitano, kumi, au milele. Mitego iko miwili. Wa kwanza: unaomba "Tanzania tu" kwa sababu ni rahisi, halafu wiki ya pili unaipandisha YouTube kwenye ukurasa wako. YouTube ni dunia nzima. Umevunja mkataba siku hiyohiyo. Wa pili: unataka kuonekana mkubwa, unaomba kila njia, kila nchi, milele, wanakutajia bei inayokula korosho za misimu mitatu, nawe unakata tamaa.

Mimi ningeomba hivi: matamasha na maonyesho ya ukumbini ya bure, dunia nzima, miaka mitano, pamoja na televisheni za Tanzania kwa miaka hiyohiyo. Halafu, na hapa vijana wengi husahau, omba bei ya kuongeza mtandao na televisheni za nje iandikwe leo ndani ya mkataba, ulipe tu ikihitajika. Makala yako ikipendwa Zanzibar kwenye Tamasha la Nchi za Jahazi, kisha kituo cha nje kikaitaka, hutaki kuanza kupatana upya na mtu anayejua sasa huna pa kukimbilia.

Kuhusu sekunde, tuseme kwa mfano tu bei yao ni pauni 20 kwa sekunde. Sekunde 40 ni pauni 800, zaidi ya shilingi milioni mbili. Sekunde 17 ni pauni 340. Lakini maktaba nyingi zina kiwango cha chini. Ikiwa ni sekunde 30, utalipa pauni 600 hata ukichukua 17. Basi usiache hizo 13 zilizobaki. Chukua kitu kingine kwao, gati, uso wa mtu, chochote cha kusini. Uliza kiwango cha chini kabla hujakata picha, na usilipe kabla makala haijafungwa. Fanya uhariri wote kwa nakala ya kutazamia, ile yenye nembo na namba za saa zinazokimbia chini ya picha. Andika kila kipande kinaanza namba ipi na kinaishia ipi, na peleka orodha hiyo siku ambayo hakuna tena mtu atakayebadilisha kitu. Nimeona watu wakilipia dakika tatu na kutumia sekunde 50.

Sauti usinunue. Muziki uliobandikwa kwenye habari za sinema huenda una mwenyewe mwingine kabisa, na kampuni inayokuuzia picha haina uwezo wa kukuuzia muziki huo. Omba picha bila sauti, kwenye mkataba iandikwe hivyo, na chini yake weka sauti ya babu.

Bei ya kwanza wanayotaja si ya mwisho. Waambie ukweli: makala ya kwanza, hakuna mfadhili, mkoa wa mbali, bajeti ni hii. Wengi wana bei za wanafunzi na watengenezaji wadogo ambazo hawazibandiki mlangoni. Lakini una kitu kingine mkononi ambacho mtayarishaji wa London hana. Wao wana filamu, na hawajui kilichomo. Ukiwaandikia kwamba sekunde ya 23 hadi ya 40 si Kongwa, ukaeleza mikoko, ukaeleza gati, ukaambatanisha maelezo ya mzee aliyefanya kazi pale, umewapa bidhaa. Kipande kilicholala miaka yote kwenye fungu la "Tanganyika, mengineyo" kinakuwa kipande chenye jina la mahali na kinaweza kutafutwa na kuuzwa. Mimi hubadilishana hivyo waziwazi: nawapa utambulisho, wananipunguzia ada ya skani au wananiongezea njia moja ya kuonyesha. Hawakubali kila mara. Wakikubali, hakikisha imeandikwa.

Jambo la kodi nalipita haraka ila lisikuponyoke: malipo ya haki za filamu kwa mtu asiye mkazi wa Tanzania huhesabiwa kama mrabaha, na mrabaha una kodi ya zuio ya asilimia 15. Kampuni za nje hupenda kuandika kwamba kiasi chao kifike kamili, maana yake hiyo 15 inakuangukia wewe juu ya bei. Jadili kabla ya saini, na weka pembeni makato ya benki. Na kibali cha Bodi ya Filamu ni habari tofauti kabisa na leseni ya picha hizi. Kimoja hakifuti kingine.

Usifunge macho kwenye kipande kimoja hicho, maana kuna mikebe mingine. Tatizo ni kwamba ukitafuta "Mtwara" utapata kidogo, na si kwa sababu picha hazipo. Mji wa Mtwara kama tunavyoujua ulikuja na bandari ya karanga. Mpiga picha wa miaka ya 1930 aliandika Mikindani, au Lindi, au "Southern Province", jina la jimbo letu wakati huo. Wengine waliandika Mtwarra kwa r mbili. Mto Ruvuma upande wa Wareno ni Rovuma, na Wamakonde ni Maconde. Wajerumani waliandika Deutsch-Ostafrika. Tafuta kwa jina la kitu: karanga, mkonge, korosho, bandari, kwa lugha ya aliyepiga picha. Kitengo cha Filamu za Makoloni cha Uingereza kilifanya kazi kuanzia 1939 hadi 1955, na ipo katalogi ya mtandaoni ya filamu za makoloni iliyokusanya taarifa za filamu za taasisi kama BFI (Taasisi ya Filamu ya Uingereza) na Imperial War Museum (makumbusho ya vita) za kule Uingereza. Baadhi unazitazama hapohapo. Mkusanyiko wa zamani wa picha za Reuters sasa unapatikana kupitia British Pathé, na humo wamo Visnews, shirika la picha za habari za televisheni, waliozunguka sana Afrika miaka ya 1960 na 1970. Wamarekani wana habari za sinema za Universal kwenye Nyaraka zao za Taifa. Hizo Universal wenyewe waliziachia umma, ukikuta treni humo unalipia nakala tu.

Kuna njia ya pembeni ninayoipenda zaidi. Reli ilifungwa mwanzoni mwa miaka ya 1960 na chuma kikang'olewa, lakini mashamba na majengo ya karanga Nachingwea hayakubaki matupu. FRELIMO walifanya kambi yao kuu hapo, Samora Machel akiwa mkuu wa mafunzo na baadaye kiongozi, hadi safari yake ya ushindi ilipovuka Ruvuma Mei 1975. Wapigania uhuru walitembelewa na wapiga picha wa nchi rafiki. Filmske novosti ya Belgrade, shirika la habari za filamu la iliyokuwa Yugoslavia, iliwapiga picha wapiganaji hao. Maputo nako kulikuwa na Taasisi ya Taifa ya Sinema iliyoanzishwa baada ya uhuru. Jengo lake liliungua 1991, ila filamu nyingi zilipona. Wale watu hawakwenda kupiga picha ya reli. Lakini kamera inapomfuata askari anayepiga kwata, nyuma yake kuna ghala. Tazama nyuma ya askari.

Kwa hapa nyumbani usipoteze mwezi ukitafuta televisheni ya miaka ya 1960: Bara hatukuwa na televisheni hadi 1994. Kilichopo cha wakati ule ni filamu za serikali, na pa kubisha hodi ni Idara ya Habari MAELEZO na TBC. Nenda na barua yenye muhuri, tarehe na jina la tukio. Ukisema "nataka picha za zamani za kusini" utarudi na soda tumboni tu. Wamisionari nao walipenda kamera: waandikie Wabenediktini wa Ndanda, na kwa upande wa Anglikana wa Masasi karatasi za misheni yao ziko maktaba ya Bodleian, Oxford.

Ukipewa mkebe wa filamu na familia au parokia, unuse kwanza. Harufu ya siki maana yake filamu imeanza kuoza. Usiipitishe kwenye projekta hata kwa dakika moja, ipeleke ikaskaniwe. Kama ni Kodak, angalia pembeni mwa mashimo: kuna alama ndogo za duara, mraba na pembetatu zinazotaja mwaka filamu ilipotengenezwa kiwandani, ila alama hizo hurudia baada ya miaka 20, hivyo alama ileile inaweza kuwa ya miaka zaidi ya mmoja. Video za simu za maandamano ya gesi ya 2013, kama utafika huko, ni za aliyeshika simu. Aliyezirusha WhatsApp hana cha kukuruhusu.

Kipo kisa kimoja ambacho sheria yake ni nyepesi na ndicho kinachonisumbua zaidi. Mwaka 1906, Maji Maji haijapoa, mtaalamu wa mila kutoka Leipzig, Karl Weule, alishuka Lindi akapanda hadi Masasi na Newala akiwa na kamera ya sinema na fonografu, mashine ya kunasa sauti kwenye silinda za nta. Alipiga picha ngoma zetu na kurekodi nyimbo zetu kabla ya kuwepo mji wa Mtwara. Alifariki 1926, kwa hiyo hata kwa hesabu ya Kijerumani ya miaka 70 baada ya kifo, haki zake ziliisha zamani. Maktaba ikikupa nakala, hakuna wa kukuuliza. Lakini waliopigwa picha hawakuulizwa, na wengine walikuwa chini ya serikali iliyowashinda vitani mwaka uleule. Mambo ya jando na unyago yana milango ambayo mwanamke hapiti na mwanamume hapiti. Mimi kipande cha namna hiyo nakipeleka kwanza kwa wazee wa mahali husika, nakionyesha faragha, na wakisema hapana nakiacha. Nimeacha viwili mpaka sasa. Kimoja kilikuwa kizuri sana.

Turudi kwa babu. Kabla hujawajibu wale wa London, chukua kompyuta, kaa naye asubuhi, wakati macho bado hayajachoka. Zima sauti. Washa kinasa sauti chako kwanza, halafu picha. Usimwambie ni wapi wala usimuulize "hapa si Mkwaya?", maana babu anampenda mjukuu wake na atasema ndiyo. Mwache atazame mara mbili bila swali. Ukifika sekunde ya 23, simamisha. Kuna kijana wa pili kutoka kushoto amefunga kitambaa kichwani na mkononi ana kitu kama nyundo ndefu, lakini mimi sijui ni cha nini. Muulize hicho tu, halafu uniandikie alichosema.